Nakumbuka Utakapokuwa: Kanuni za Lugha Inayopinda Wakati katika Novela ya Ted Chiang

Ikisiri

Makala haya yanahakiki novela ya Ted Chiang, "Story of Your Life" (1998), ambamo mwanaisimu anayejifunza lugha ya viumbe wageni huanza kuyakumbuka maisha yake yajayo. Kwa kutumia mfumo wa njeo na hali wa Kiswahili kama kipimo, makala yanaonesha kwamba kanuni inayoutawala ulimwengu huo inahusu matendo ya usemaji zaidi ya muundo wa lugha: anayejua yajayo huacha kuuliza ingekuwaje, na kila anachosema kuhusu kesho huwa ni utekelezaji wa kesho hiyo. Hoja kuu ni kwamba novela hii, ijapokuwa imesimama juu ya dai kuwa lugha huumba fikra, inalikanusha dai hilo kwa namna inavyosimuliwa. Makala yanahitimisha kwa kueleza kwa nini jambo hili lina uzito kwa wanaojadili dhana ya wakati katika lugha za Kiafrika.

1. Utangulizi

Katika semina za uzamili ninazoziongoza, haupiti mwaka bila mwanafunzi mmoja au wawili kuanza pendekezo la utafiti kwa kutaja filamu ya Arrival (2016), iliyotokana na novela inayohakikiwa hapa. Hoja yao huwa moja: kwamba lugha humpangia msemaji wake namna ya kuuona wakati. Nikiomba ushahidi, naelekezwa kwa Louise Banks, mwanaisimu ambaye hajapata kuishi popote isipokuwa katika kurasa za Chiang na katika filamu hiyo. Aya inayofuata, karibu kila mara, humtaja John Mbiti na maneno yake mawili mashuhuri, Sasa na Zamani. Hivyo kwa hatua mbili tu mwanafunzi ametoka kwa viumbe wa kubuni wenye miguu saba akafika kwa Waafrika, wala hakuona kwamba amevuka mpaka wowote.

Makala haya yanauchunguza mpaka huo. Sikusudii kuishusha hadhi novela ya Chiang, kwani naiona kuwa miongoni mwa kazi chache za kubuni ambamo isimu imetendewa kwa heshima inayostahili. Ninachokusudia ni kuuliza swali ambalo wahakiki wa fasihi ya kubuni hulipita haraka: kanuni za uchawi huu wa lugha ni zipi hasa, na zinatekelezwa na nini katika matini? Jibu, kama nitakavyojaribu kuonesha, limo katika viambishi vya njeo. Nimetumia Kiswahili kama kipimo kwa sababu mbili. Kwanza, mfumo wake wa njeo na hali huzidhihirisha tofauti ambazo Kiingereza cha Chiang huzificha. Pili, mfasiri wa Kiswahili atakayeishika novela hii atalazimika kuzikabili tofauti hizo moja baada ya nyingine.

2. Kanuni za ulimwengu wa kubuni

Ulimwengu wa fantasia huaminika kwa kuwa na kanuni zake na kuzitii. Uchawi usio na mpaka hauna hadithi, kwa maana mhusika anayeweza lolote hana la kuhangaikia. Ndiyo maana Ursula K. Le Guin, katika A Wizard of Earthsea (1968), aliuwekea uchawi wake mipaka ya kilugha. Ili mtu awe na uwezo juu ya kitu, sharti alijue jina lake la kweli katika lugha ya kale. Binadamu akiitumia lugha hiyo hufungwa na ukweli, ilhali majoka hawafungwi nao. Aidha, kila tendo la kichawi hugusa mizani ya ulimwengu, hivyo lina gharama. Katika kazi hiyo nguvu imo katika nomino: kujua jina ni kushika kitu.

Chiang aliihamisha nguvu hiyo kutoka kwenye nomino akaiweka kwenye kitenzi. Viumbe wake, heptapodi, wana lugha mbili ambazo hapa nitaziita Kiheptapodi A na Kiheptapodi B. Ya kwanza husemwa, nayo hufuatana kwa sauti kama lugha zetu. Ya pili huandikwa, na haiwakilishi ile inayosemwa. Sentensi yake ni mchoro mmoja mpana, na mstari wa kwanza unaochorwa huweza kuwa sehemu ya vishazi kadhaa kwa pamoja. Kwa hiyo mwandishi sharti aijue sentensi nzima kabla hajagusa pa kuandikia. Chiang analinganisha jambo hilo na kanuni ya Pierre de Fermat kuhusu nuru. Nuru inayotoka hewani kuingia majini hupinda, na njia inayoifuata ni ile yenye muda mfupi kuliko nyingine zilizo jirani nayo. Ukilieleza jambo hilo kwa lugha ya makusudio, ni kana kwamba nuru ilijua mwisho wa safari kabla ya kuanza.

Kadiri Louise anavyoizoea Kiheptapodi B, kumbukumbu yake hubadilika. Anaanza kuyakumbuka maisha ya binti ambaye bado hajamzaa, pamoja na kifo chake akiwa na umri wa miaka 25 katika ajali ya kupanda miamba. Kutokana na matini, kanuni tatu zinaweza kubainishwa:

(a) Ujuzi wa yajayo huja kama kumbukumbu. Hauji kama utabiri wala ndoto.
(b) Ajuaye habadilishi. Hazuiwi na nguvu ya nje. Ile haja yenyewe ya kubadilisha humtoka.
(c) Ajuaye hawaelezi wasiojua.

Kanuni ya (b) ndiyo nguzo. Chiang anaitetea kwa mfano wa kitabu kinachorekodi kila tukio lililopita na lijalo. Mtu akisoma humo kwamba atafanya jambo fulani, kisha akaazimia kutolifanya, kitabu kinageuka kuwa cha uongo. Louise anawaza kwamba huenda kujua yajayo humbadilisha ajuaye, kukamletea hisia ya wajibu wa kutenda kama alivyojua kwamba atatenda. Kanuni hii inaoneshwa kwa tukio dogo ambalo, kwa maoni yangu, ndilo bora kuliko yote katika novela. Louise yuko dukani na mwanafizikia Gary Donnelly, atakayekuja kuwa baba wa mtoto. Analiona bakuli la mbao. Anakumbuka kwamba miaka mingi baadaye bakuli hilohilo litamwangukia bintiye mdogo na kumwumiza. Analichukua kutoka rafuni, naye hahisi kwamba amelazimishwa. Mkono unaolichukua bakuli na mkono utakaokimbilia kulidaka lisimwumize mtoto vinaongozwa na msukumo uleule.

3. Njeo na kumbukumbu

Kanuni hizi zisingekuwa na uhai kama zingeelezwa tu. Chiang anazitekeleza kwa njeo. Mkutano na heptapodi unasimuliwa kwa wakati uliopita wa kawaida. Sehemu zinazomhusu binti zinasimuliwa kwa kukiunganisha kitenzi cha kukumbuka na wakati ujao. Tuitazame mifano ifuatayo, ambayo ni yangu:

(1) Nakumbuka ulipokuwa ukijifunza kutembea.
(2) Nakumbuka utakapokuwa ukijifunza kutembea.
(3) Nakukumbuka ukijifunza kutembea.
(4) Nakumbuka kwamba mkutano utafanyika kesho.

Sentensi ya (1) haina utata. Sentensi ya (2) ndiyo inayolingana na mbinu ya Chiang, na msomaji yeyote wa Kiswahili atasita anapoisoma. Swali ni: anasitishwa na nini? Wengi wa wanafunzi wangu huiwekea kinyota, alama ya tungo isiyokubalika kisarufi. Naona wanakosea. Mofimu -ta- na -po- zinaandamana kihalali kama zinavyoandamana katika utakapofika nijulishe. Kitenzi -kumbuka nacho kinaruhusu kishazi chenye -ta-, kama (4) inavyothibitisha, maana tunakumbuka mipango na ahadi kila siku. Kinachogongana katika (2) ni ujuzi wetu wa ulimwengu: tunajua kwamba tukio halikumbukwi kabla halijatokea. Sarufi imeiruhusu sentensi hiyo kupita, na maisha ndiyo yaliyoizuia.

Sentensi ya (3) inaleta jambo ambalo Kiingereza cha Chiang hakikulikabili. Kiambishi -ki- hakina wakati wake. Huuazima kutoka kwa kitenzi kikuu au muktadha. Mfasiri anayeogopa mgongano wa (2) ataishika (3) kwa furaha, na tafsiri yake itasomeka kwa ulaini. Lakini kwa ulaini huohuo ataiua novela. Msomaji atachukulia kwamba mama anakumbuka yaliyopita, na akifika mwisho atagundua habari mpya badala ya kugundua kwamba habari hiyo ilikuwa mbele ya macho yake tangu ukurasa wa kwanza. Chiang haifichi siri yake. Ameiweka wazi katika njeo, na msomaji anaikosa kwa sababu anaisahihisha njeo kimoyomoyo ili ilingane na anavyoujua ulimwengu. Ushauri wangu kwa mfasiri ni kuivumilia (2), na kuiacha -ki- itumike pale tu ambapo -takapo- imekwisha kuthibitisha wakati.

Ugumu wa pili ni wa -ka-. Msimulizi wa Kiswahili huanza kwa -li- kisha huyafuatanisha matukio kwa -ka-: aliamka, akanawa, akatoka. Masimulizi ya wakati ujao hayana chombo chepesi cha namna hiyo. Mfasiri atalazimika kurudia -ta- katika kila kitenzi: utaamka, utanawa, utatoka. Urudiaji huo una athari ya kimtindo. Katika masikio ya Kiswahili mfululizo wa -ta- ni sauti ya nabii au ya mtu anayekula kiapo. Athari hii haimo katika Kiingereza cha novela, ambacho ni cha kila siku. Hata hivyo sidhani kwamba ni hasara, kwa sababu inatupeleka moja kwa moja kwenye suala la kiapo na tamko.

4. Nimekubali: tamko kama utekelezaji

Ikiwa heptapodi wanajua kila litakalosemwa katika mazungumzo, wanazungumza kwa nini? Chiang anajibu kwa kutumia dhana ya matamko tendaji, iliyoasisiwa na J. L. Austin katika mihadhara iliyochapishwa mwaka 1962. Katika hafla ya ndoa kila aliyehudhuria anajua maneno yatakayotamkwa, lakini ndoa haipo mpaka yatamkwe. Kwa heptapodi usemaji wote uko hivyo. Hawasemi ili kuarifu. Husema ili lililojulikana lipate kuwa.

Kiswahili kinaishadidia hoja hii kwa namna ambayo Kiingereza hakiwezi. Kwa Kiingereza matamko tendaji huja katika wakati uliopo wa kawaida. Kiswahili huyatamka mara nyingi kwa -me-, kiambishi cha hali timilifu. Bwana harusi wa Kiislamu husema nimekubali. Anayesamehe husema nimekusamehe, na mume anayetoa talaka husema nimekuacha. Katika kila tamko kati ya haya, kitendo kinatajwa kuwa kimetimia katika pumzi ileile inayokitimiza. Kabla ya kulitamka neno hakikuwepo, na neno lenyewe linasema kwamba kimekwisha kuwepo. Kwa kipimo hiki, msemaji wa Kiswahili aliyewahi kuhudhuria nikaha ameonja kanuni ya heptapodi bila kutoka duniani. Ni jambo la kawaida katika lugha ya binadamu, na halikumfanya yeyote ayaone yajayo.

Hapa ndipo kanuni ya (b) inapopata sura yake ya kisarufi. Anayesema kila kitu kama tamko tendaji hana kazi na -nge- wala -ngali-. Viambishi hivyo viwili ni nyumba ya majuto na ya matumaini: ningemwonya, ningalimzuia. Wahenga walisema majuto ni mjukuu, huja baadaye. Louise anayajua kabla mtoto hajazaliwa, wala hayaiti majuto, kwa kuwa hana sentensi ya masharti ya kuyabebea.

5. Wasia usiowezekana

Msomaji wa Kiswahili ana kielelezo kingine cha mama anayezungumza na bintiye juu ya maisha yajayo: Utendi wa Mwana Kupona, wa karne ya 19. Humo mama mgonjwa anamwachia binti wasia. Wasia wowote hutegemea vitenzi vya kuagiza na kutakia: sikia, fanya, usiache, Mungu akujalie. Maumbo hayo yana maana pale tu ambapo kesho iko wazi. Anayeagiza anakiri kwamba anayeagizwa anaweza kutii au kukaidi. Louise ni mama asiyeweza kutoa wasia. Anaweza kusema utapanda, utaanguka. Hawezi kusema usipande.

Kwa maoni yangu hapa ndipo penye udhaifu wa novela. Kanuni ya (b) inajaribiwa mbele yetu kwa bakuli na jeraha dogo. Haijaribiwa mahali inapouma zaidi, yaani siku ya mwisho ambayo binti anaweza kuonywa. Tunapewa simu ya msiba na safari ya kuutambua mwili, lakini hatupewi asubuhi ambayo mama anaagana naye akijua. Aidha binti ni nafsi ya pili katika hadithi nzima: kila kitu anaambiwa yeye, ila hapo anapoambiwa bado hajazaliwa na hawezi kujibu. Kanuni ya (c) inaulinda ulimwengu wa Chiang dhidi ya swali ambalo binti yeyote angeuliza: ulijua, mbona hukuniambia? Kunyamaza huko kunaweza kutetewa kwa mantiki ya kanuni zenyewe, na hakuna utata wa kisarufi ndani yake. Hata hivyo msomaji anabaki na deni ambalo novela haikulilipa.

Filamu ilililipa deni hilo kwa sarafu nyingine. Binti hafi tena kwa ajali; anakufa kwa ugonjwa, na hivyo onyo lisingemfaa. Juu ya hayo, Louise wa filamu anachukua maneno atakayoambiwa siku zijazo na jenerali wa China, anayatumia kumpigia simu jenerali huyohuyo, na vita vinaepukwa. Mama amepunguziwa lawama, na ujuzi wa yajayo umegeuzwa kuwa chombo. Matokeo yake ni kwamba uchawi wa filamu una nguvu zaidi na kanuni hafifu zaidi. Chiang hakuruhusu ujuzi huo utumike kama silaha. Ndiyo sababu novela yake ni ya huzuni iliyo wazi, ilhali filamu ina ushindi ndani yake.

6. Kutoka kwa heptapodi hadi Sasa na Zamani

Turudi sasa kwenye mpaka uliotajwa katika utangulizi. Novela inaitumia nadharia tete ya Sapir na Whorf katika umbo lake kali: kwamba lugha hutawala fikra. Benjamin Lee Whorf alidai kwamba lugha ya Wahopi wa Marekani haina maneno wala maumbo yanayorejelea wakati moja kwa moja. Mwaka 1983 Ekkehart Malotki alichapisha Hopi Time, kitabu kikubwa kilichojaa data ya njeo, vipimo na istilahi za wakati kutoka katika lugha hiyohiyo. Dai likadhoofika, lakini hadithi yake haikufa.

Mbiti, katika African Religions and Philosophy (1969), alichukua njia inayofanana na hiyo. Alichunguza njeo za Kikamba na Kigikuyu, akahitimisha kwamba wakati ujao wa mbali karibu haupo katika fikra za jadi za Kiafrika, na kwamba maumbo ya wakati ujao hayavuki takribani miaka miwili. Ili kuepuka istilahi za Kiingereza alitumia maneno mawili ya Kiswahili, Sasa na Zamani, kutaja nyanja mbili za wakati. Kwame Gyekye alimpinga kwa ushahidi wa Kiakan mwaka 1987, na wengine wakaongezea. Kwetu sisi wa Kiswahili pingamizi liko karibu zaidi. Lugha iliyoazimwa majina haiungi mkono nadharia iliyoyaazima. Kiambishi -ta- hakina kikomo cha miaka miwili wala elfu mbili: jua litazimika ni sentensi timilifu ya Kiswahili, na anayeisikia anaielewa. Isitoshe, hata kama lugha fulani ingekosa kabisa kiambishi cha wakati ujao, hilo lisingetosha kuthibitisha kwamba wasemaji wake hawaifikirii kesho. Wanapanda mazao, wanaweka akiba, wanaposea watoto wao.

Novela ya Chiang, ikisomwa kwa makini, inasimama upande wa pingamizi hilo. Louise anasimulia kwa Kiingereza, lugha ambayo kwa mujibu wa dai lenyewe ingepaswa kushindwa kuibeba fikra ya heptapodi. Naye haongezi kiambishi wala kubuni kitenzi. Anachofanya ni kuviweka pamoja viumbo viwili vya kawaida, kukumbuka na wakati ujao, na sisi tusiojua hata mchoro mmoja wa Kiheptapodi B tunamwelewa mpaka machozi. Kama njeo zetu zingekuwa kuta za fikra zetu, hadithi hii isingesomeka. Inasomeka, na inafasirika, kwa sababu sarufi ni pana kuliko mazoea ya wasemaji wake.

Kwa waliozoea fasihi ya Kiswahili jambo hili si geni. Katika Nagona (1990) Euphrase Kezilahabi alikwisha kuvuruga mfuatano wa wakati hata wanafalsafa wa enzi mbalimbali wakakutana katika safari moja. Alifanya hivyo kwa Kiswahili tulichonacho, na Mzingile (1991) ikafuata. Hakuna aliyehitaji kujifunza lugha nyingine ili kuzisoma, ingawa wengi tulihitaji kuzisoma zaidi ya mara moja.

7. Hitimisho

Makala haya yamebainisha kanuni tatu za uchawi wa lugha katika "Story of Your Life" na kuonesha kwamba zinatekelezwa na njeo: kumbukumbu iliyofungamanishwa na wakati ujao, tamko linalotimiza kinachotamkwa, na kutoweka kwa -nge- na -ngali-. Yamependekeza kwa mfasiri wa Kiswahili kwamba auhifadhi mgongano wa nakumbuka utakapokuwa, hata kama -ki- inampa njia nyepesi. Yameonesha pia kwamba novela inakwepa mtihani mkubwa wa kanuni yake yenyewe, yaani swali la binti.

Kwa watafiti chipukizi, funzo ni la kimbinu. Kanuni ya ulimwengu wa kubuni ni makubaliano kati ya mwandishi na msomaji, na huthibitishwa na uzuri wa kazi. Dai kuhusu lugha ya watu walio hai huthibitishwa na data ya watu hao. Heptapodi hawatadhurika tukiwaambia kwamba hawana neno la kesho. Wakamba, Wahopi na Waswahili waliambiwa hivyo au karibu na hivyo na wanazuoni wenye nia njema, na bado tunalazimika kulijibu jambo hilo katika kila semina.